Nani kasema unga wa ngano hauchemshwi?

Ukitaja pierogi, chakula cha Poland, watu wengi huona hoteli kubwa ya Dar es Salaam, oveni na jibini la bei ya kutisha. Ukiwaeleza kwamba ni unga wa ngano uliosukumwa, ukafungiwa viazi na kuchemshwa, wanakuja na pingamizi la pili: unga wa ngano hukaangwa au huokwa, ukichemshwa unabaki mbichi. Hata hapa Zegereni, eneo la viwanda mkoani Pwani, utayasikia hayo, tena kwa watu ambao Ramadhani ikifika wanafuturu kwa vipopoo. Kipopoo ni nini kama si donge la unga lililoivia ndani ya tui la nazi? Anayekila hana sababu ya kuikataa pierogi kwa ajili ya maji.

Oveni haina kazi hapa. Jiko la mkaa na sufuria moja pana vinatosha, na kibao cha chapati kipo karibu kila nyumba. Nusu kilo ya unga, chumvi, vijiko viwili vya mafuta na maji ya moto, kiasi cha glasi moja, unayoongeza kidogo kidogo: anayejua kukanda chapati laini ameshajua nusu ya kazi. Donge lipumzike nusu saa chini ya kitambaa, ndipo usukume, liwe jembamba kuliko chapati, na kukata miduara kwa mdomo wa glasi.

Ujazo wa kawaida kabisa ni viazi mviringo vilivyopondwa, vitunguu vya kukaanga na jibini jeupe. Jibini hilo ndilo linalowatisha watu, na bila sababu. Chukua lita moja ya maziwa mgando, yapashe kwa moto mdogo bila kuyachemsha mpaka maji yajitenge, kisha chuja kwa kitambaa safi. Kinachobaki kitambaani ndicho kitu chenyewe. Anayelinunua kwa bei ya supamaketi analipia zaidi friji na nembo.

Wapo watakaosema bila viazi si pierogi halisi. Uhalisi gani? Viazi vilifika Ulaya kutoka Amerika ya Kusini katika karne ya 16, na mihogo tuliletewa na Wareno kutoka bara hilohilo. Ndugu hao wawili wanaweza kupokezana. Huku Pwani mihogo ipo jirani, ilhali viazi husafirishwa kutoka Lushoto, Njombe au Mbeya. Chemsha mihogo, toa mizizi ya katikati, iponde ikiwa ya moto na uiache ikauke mvuke, kwa sababu ujazo wenye maji ndio unaopasua pierogi sufuriani. Wapoland wenyewe hujaza kabichi na uyoga mkesha wa Krismasi, na matunda wakati wa kiangazi.

Wala si chakula cha watu ambao nchi hii haijawahi kuwaona. Kuanzia mwaka 1942, Wapoland waliokuwa wamehamishwa na Wasovieti kwenda Siberia walifika Tanganyika kupitia Iran. Tengeru, karibu na Arusha, iliwapokea takriban 5,000, wengi wao wanawake na watoto, wakaishi kwenye vibanda vya duara vilivyoezekwa kwa nyasi. Makaburi yao yapo mpaka leo. Supamaketi haikuwapo.

Kosa la kweli linatokea kwenye kufunga. Weka kijiko kimoja cha chai cha ujazo, usiguse ukingo, bana kwa vidole mpaka usione mstari. Maji yawe mengi, yenye chumvi, yakitokota taratibu. Tumbukiza pierogi; zikielea, subiri dakika mbili au tatu, opoa, pakaza mafuta zisigandane, mwagia vitunguu vya kukaanga.

Nakubali jambo moja tu. Kwenye geti la kiwanda sambusa itaendelea kushinda: inashikika kwa mkono, inakaa kwenye ndoo tangu asubuhi, na hailazimu sahani. Pierogi iliyopoa hugandana na kuteleza, kwa hiyo mama lishe asiifanyie biashara ya kutembeza. Ni chakula cha nyumbani, cha jioni, watoto wakisaidia kubana kingo. Zikibaki, kaanga asubuhi kwa mafuta kidogo mpaka zishike rangi, unywee chai.