NGOJA NGOJA YA MATOKEO

Vijana wengi wa Unguja na Pemba wanasoma katika vyuo vikuu, hapa Visiwani na Tanzania Bara. Mwanafunzi asiyeridhika na alama zake huweza kukata rufaa kwa mujibu wa kanuni za chuo chake, ili karatasi yake isahihishwe upya. Utaratibu huo ni mwema. Linalotutia wasiwasi ni rufaa kukaa bila ya jibu hata mtihani wa marudio ukapita, na wenziwe wakavaa majoho yeye akiwatazama.

Hatuwalaumu walimu bure. Kazi ni nyingi, na kusahihisha kwa uadilifu kunataka utulivu. Lakini wahenga walisema ngoja ngoja huumiza matumbo. Jibu likija wakati nafasi ya masomo au ya kazi imekwishapotea, hata ushindi haumfai mwenyewe.

Sheria haikumwacha mwanafunzi mikono mitupu. Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano ya 1977 inampa kila mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu, na ya kukata rufaa au kupata nafuu nyingine ya kisheria. Basi kwanza na aandike barua chuoni, aeleze tarehe ya rufaa yake, na ahifadhi nakala na stakabadhi. Asipojibiwa, apeleke malalamiko kwa Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora. Mlango wa mwisho ni Mahakama Kuu. Jaji hasahihishi mtihani wala haongezi alama hata moja, lakini anaweza kuamrisha chombo cha umma kitimize wajibu wake.

Hata hivyo, mlango huo ni mwembamba. Kwa upande wa Bara, Kanuni za 2014 zilimtaka mlalamikaji aombe ruhusa ya Mahakama kwanza, tena ndani ya miezi sita. Anayengoja kwa adabu huenda akajikuta muda umempita. Na mtoto wa mvuvi wa Micheweni atampata wapi wakili?

Kwa hiyo dawa hasa imo katika kanuni za vyuo vyenyewe. Kanuni iliyoweka siku za mwanafunzi kukata rufaa haina budi kuweka na siku za chuo kujibu. Siku hizo zikipita, mwanafunzi aruhusiwe kuendelea na masomo kwa muda mpaka jibu litoke, na afisa mhusika atoe sababu kwa maandishi.

Tunaiomba Tume ya Vyuo Vikuu Tanzania, iliyowekwa na Sheria ya Vyuo Vikuu ya 2005, ilisimamie jambo hili, na Wizara ya Elimu na Mafunzo ya Amali ilifuatilie. Chuo kinachomfukuza mwanafunzi chumba cha mtihani kwa kuchelewa hakina udhuru wa kuchelewa chenyewe.