Viumbe wa Chuma Wasio na Kutu

Hadithi zenyewe mnazijua, maana nusu yenu mmeziandika. Kuna ukoo wa viumbe wa chuma, ngozi inang'aa kama sufuria mpya, wanaishi kwenye mji unaoelea mawinguni. Wakigonga vifua vyao, milima inahama. Mwandishi ni kijana wa Eldoret, pengine ameandika yote kwa simu akiwa Munyaka, lakini ndani ya hadithi hakuna Munyaka hata ya kupita kwa bodaboda. Na hao viumbe wana majina kama ya dawa ya kikohozi. Mimi nimechoka nao.

Uchawi sina shida nao, leteni. Shida yangu ni kwamba hicho chuma hakina mwenyewe. Hakuna aliyekitafuta, hakuna aliyeungua akikifua, hakijawahi kumkata mtu.

Chuma cha huku kina watu. Wahunzi wa Kikuyu, aturi, walikuwa wakiosha mchanga wa mito kupata madini, na laana yao iliogopwa kuliko panga lao. Kwa Wanandi waliitwa kitongik. Hollis, kwenye kitabu chake cha 1909 kuhusu Wanandi, anaeleza kwamba wahunzi hao walitokana na Wamaasai wa Uasin Gishu waliokuja baada ya kabila lao kusambaratika vitani. Hebu rudia hiyo polepole. Uasin Gishu, jina hilo hilo la kaunti yetu, ambako kila uchaguzi mtu anaulizwa kwao ni wapi. Wenye siri ya chuma walikuwa wakimbizi! Na Wamaasai nao waliwabagua wahunzi wao, hawakutaka kuoana nao, ila mikuki yao waliitaka. Mlikuwa mnatafuta ukoo wa siri unaotisha watu? Huo hapo, na hauelei popote.

Muziki je? Karing'aring'a ni pete ya chuma inayogongwa kwa kijiti cha chuma, ikifuatana na akodioni kwenye mwomboko. Pete moja tu, na wazee waliokuwa wakilalamikia magoti wanainuka. Mpiga nyatiti naye huvaa pete ya chuma kwenye kidole cha mguu, anaigonga kwenye mbao ya ala yake huku vidole vya mkono vikicheza nyuzi. Huyo tayari ni nusu chuma, na hakuna aliyemwekea betri. Halafu nenda ukamsikilize fundi wa jua kali akikunja pipa kuukuu liwe jiko. Mlio unabadilika kadiri bati linavyonyooka, na yeye anafuata mlio kuliko macho. Majirani wanaita kelele.

Sasa sehemu mnayoikwepa. Munyaka kwa Kikuyu ni bahati. Tarehe 1 Januari 2008, huko Kiambaa, nje kidogo ya mji huu, kanisa lilichomwa na watu wakiwa ndani, wengi wao wanawake na watoto. Panga la kulimia likawa la kuwindana. Maelfu wakalala kwenye mahema katika uwanja wa maonyesho wa Eldoret. Baadaye waliorudi walipigilia mabati mapya, na nyundo hiyo pia ni muziki wa chuma. Ukiandika chuma cha Eldoret kinachoimba tu, bila panga, umeandika tangazo la sufuria.

Mtaniambia fantasia ni ya kutoroka. Sawa, toroka, lakini beba kitu. Wale wa Uasin Gishu walitoroka na ufundi wao.

Nileteeni msichana wa Munyaka aliyerithi nyundo ya babu pamoja na laana yake. Amepanga chumba nyuma ya kinyozi. Akigonga pete, mkono ulioshika panga unakufa ganzi, lakini na wake pia, kidole kimoja kila mara, na vimebaki vinne. Mwenye nyumba anabisha mlango kulalamikia kelele. Nje kuna watu wanakuja. Hiyo nitaisoma hadi saa nane usiku.