Rudisheni inite zetu: hatukusema ndiyo

Wandugu wa Aru, wa Ariwara, wa Mahagi, wa Bunia, na nyinyi wote mnaosoma hii kwa mega za kuhesabu,

Juzi asubuhi niliweka inite za franka 1.000. Mutu mmoja wa Bunia alikuwa amenijulisha kwamba kuna kazi ya miezi mitatu, dosie zinafungwa saa sita, nimupigie haraka. Niko na lisanse, niko na miaka 25, na huu ni mwaka wa pili natembeza dosie kama mama anayetembeza ndizi. Nikapiga. Sauti ikaniambia inite hazitoshi. Nikaangalia: zimebaki franka 140. Na mesaje ya Kifaransa imeingia: asante kwa kuendelea na abonema yako ya habari za mupira.

Mupira gani? Mimi sikuomba mupira. Mpaka nikope inite kwa jirani, saa sita ilikuwa imepita.

Jina la kampuni silitaji, kwa sababu hii si shida ya mutu mmoja na kampuni moja. Uliza nyumbani kwenu. Mama yangu haangalii mupira, hasomi Kifaransa, lakini na yeye tulimukuta na abonema mbili: moja ya nyota, moja ya muziki wa kuitikia simu. Alikuwa anasema kila siku, "telefone yangu inakula inite." Sisi watoto tulimucheka. Tulidhani ni uzee. Mama, utusamehe. Telefone haikuwa inakula. Kuna mutu alikuwa anakula.

Wanafanya namna gani? Iko hivi. Kuna kampuni ndogo ndogo zinazouza vitu kwa telefone: nyota, mashindano, mupira, muziki, mashauri ya mapenzi. Zinapewa namba fupi kwenye mtandao wa simu, na feza inayoingia wanagawana na mtandao. Wewe unaona tu kitu kinaruka kwenye ekrani, kimeandikwa OK. Unafinya ili kiondoke. Kumbe umejiandikisha. Ao unafungua ukurasa kwenye intaneti, kidole kinagusa picha. Ao roboti inakupigia, inakuambia finya 1. Siku ya kwanza mara nyingi ni bure, ili usishituke. Kisha inakatwa kila siku, kila wiki. Kama hauna inite, wanangojea siku utaweka.

Na wale wachache wetu wenye karta ya benki wasijione wako salama. Ni ugonjwa ule ule. Unajaribu programu bure siku saba, unaandika namba za karta, unasahau, na kila mwezi dola zinaondoka. Kufuta programu kwenye telefone hakufungi abonema. Ni lazima kuingia ndani ya akonti na kuifunga kabisa. Hata Marekani wanalia: Septemba 2025 Amazon ilikubali kulipa dola bilioni 2,5 kumaliza kesi ya serikali, iliyosema kampuni iliingiza watu kwenye abonema ya Prime bila wao kukubali vizuri, na ikafanya mlango wa kutoka kuwa mugumu. Kule mulaji ana mutu wa kumusimamia. Huku Aru, nani anatusimamia?

Kuna watakaosema: "Ni franka 100 tu, acheni kelele." Sawa, tuhesabu. Franka 100 kila siku ni franka 36.500 kwa mwaka. Ukikamata watu milioni moja, ni franka milioni 100 kila siku inayoamka. Mwizi wa mbuzi tunamukimbiza na fimbo. Huyu wa franka 100 anatuandikia asante.

Wengine watasema: "Lakini ulifinya OK mwenyewe." Hapana. Ndiyo ya mutu asiyeelewa si ndiyo. Mama wa Kilugbara, anayejua Bangala na Kiswahili cha soko, unamuandikia Kifaransa kidogo kidogo chini ya ekrani, kisha unasema alikubali? Hata sokoni Ariwara, kwenye franka, shilingi ya Uganda na dola vinachanganyika, muuzaji anakuambia bei kwanza. Hakuna anayeingiza mukono kwenye mufuko wako halafu anakutangazia bei.

Na tusisahau kitu inite inafanya hapa kwetu. Kinshasa labda ni ya kusalimia. Ituri, kabla ya kupanda gari kwenda Bunia, unapiga simu Mahagi, unapiga Djugu: njia iko wazi? RN27 imekula watu wetu wengi, tunawajua kwa majina. Kukata inite za raia wa Ituri bila ruhusa ni kumukata kwenye simu ambayo ingemuambia leo usitoke.

Sasa, wandugu, tusiseme "tutafanya nini, ndiyo Kongo." Mumeshasahau RAM? Septemba 2020 serikali ilianza kukata inite zetu: dola 1 kwa mwaka kwa telefone ya 2G, dola 7 kwa ya 3G na 4G, kidogo kidogo, bila kutuuliza. Katiba, kifungu cha 174, inasema kodi inawekwa na sheria tu. RAM haikupita kwenye bunge kama sheria. Ilikuja kwa dekreta. Watu walikataa. Vijana walitoka barabarani, raia waliandika, Oktoba 2021 wabunge walimuhoji waziri Kibassa Maliba, na mwaka wa 2022 serikali yenyewe iliiondoa. Kitu kilichokuwa kinakatwa kwa nguvu ya serikali kiliisha. Abonema ya mupira itatushinda?

Hata jirani zetu ng'ambo ya Vurra: Julai 2018 Uganda ilianza kuomba shilingi 200 kwa siku kwa kutumia WhatsApp na Facebook. Sisi wenye SIM za Uganda tuliionja. Ilikuwa kodi mbaya, lakini angalau ilikuwa na jina na bei, na mutu aliweza kuipinga mchana. Abonema hizi zinakuja usiku.

Tunaomba, na tunaposema kuomba tunataka kusema kudai:

1. Abonema yoyote isianze bila ndiyo mbili, kwa luga mutu anayoelewa, na bei iandikwe mbele.
2. Kuwe na namba moja ya bure, kwa mitandao yote, ya kuona na kufunga abonema zote mara moja. Nigeria ilifanya: toka 2016 wana namba 2442 ya kukataa mesaje za biashara.
3. ARPTC itangaze kila namba fupi ni ya nani. Mwenye kuchukua feza yetu awe na uso.
4. Inite zilizokatwa bila ruhusa zirudishwe. Kufunga tu bila kurudisha ni kumuambia mwizi aende na mbuzi.

Na sisi, wiki hii, tufanye hivi. Kamata telefone yako, ya mama, ya baba, ya yaya. Ingia kwenye menyu ya mtandao, tafuta abonema, funga. Usifute mesaje: ndiyo ushahidi. Andika kwenye kaye tarehe, namba fupi, franka ngapi. Piga kwa huduma ya wateja, omba jina la agenti, andika na lenyewe. Usikubali "tutaangalia", omba inite zako.

Kisha kaye hizo tutazikusanya, kartie kwa kartie. Toka tarehe 6 Mei 2021 tuko chini ya utawala wa kijeshi, na kila mutu anajua kuandamana kwa Ituri kunaishia wapi. Lakini kifungu cha 27 cha Katiba kinampa kila Mukongomani haki ya kupeleka petisyo kwa wakubwa, peke yake ao na wenzake, na wakubwa wanapaswa kujibu ndani ya miezi mitatu. Petisyo haihitaji barabara. Inahitaji kalamu na majina. Sisi wenye lisanse bila kazi, kalamu ndiyo tuko nayo.

Kazi ya Bunia nilishaikosa, haitarudi. Lakini franka 860 zangu nitazidai. Na za mama pia, tangu siku ya kwanza.

Hatukusema ndiyo. Rudisheni.