Motokaa Ikishtuka Njiani, Pima Kwanza

Juma hili nataka tuongee habari za kidude kidogo cha motokaa. Chaenea katika kiganja cha mtoto, lakini kimewatoa jasho wenye magari wengi hapa Mwanza na katika vijiji vya kandokando ya ziwa. Mafundi hukiita sensa ya throtoli. Si ile sensa ya mwaka 2022 iliyopita nyumba kwa nyumba kutuhesabu. Hii haihesabu watu, kazi yake ni kupima umekanyaga mafuta kiasi gani.

Kuna ndugu mmoja wa Kisesa mwenye Toyota Carina ya zamani, ile ambayo pedeli ya mafuta bado yavuta waya. Kwa gari hilo huchukua abiria hadi Magu na kurudi, nalo ndilo linalolipa ada ya watoto wanne. Miezi michache iliyopita lilianza vituko. Akiwa katika mwendo wa kilometa 60 hivi, mguu umetulia, gari lashtuka kama mtu mwenye kwikwi. Akisimama Igoma kupakia watu, injini yazima. Akiiwasha, yawaka mara moja kana kwamba haikufanya kosa lo lote. Abiria walianza kunung'unika. Mama mmoja alishuka na kuku wake, akasema heri asubiri basi.

Akaenda kwa fundi. Fundi yule hakufungua hata boneti. Alilipeleka gari hatua mia mbili, akarudi, akasema, "Bwana, giaboksi imekwisha." Basi ndugu yetu akahesabu: giaboksi ya mtumba pamoja na kazi ni bei ya ng'ombe wawili. Mmoja akamwuza. Alikuwa akitafuta mnunuzi wa pili ndipo aliponipitia nyumbani Jumapili jioni. "Mzee," akasema, "hebu lisikilize tu, nipate kutulia moyo." Nikamwuliza, "Fundi alipima na nini?" Akanyamaza.

Kabla sijaeleza tulivyopima, yafaa uelewe kidude chenyewe.

Zamani, katika Land Rover na Peugeot 404 zilizopita katika barabara zetu za vumbi, mambo yalikuwa rahisi. Ulikanyaga pedeli, waya ukavuta, kibati cha mviringo katika koo la kabureta kikafunguka, hewa ikaingia kwa nguvu na kuifyonza petroli. Hapakuwa na wa kuulizwa. Lakini mwaka 1967 mtambo wa Bosch wa Ujerumani wa kunyunyiza petroli kwa amri ya umeme ulitiwa katika Volkswagen, na tangu hapo kabureta ikaanza kuondoka polepole. Katika magari ya namna hii mwenye kupima petroli ni kompyuta, ambayo mafundi wetu huiita kontroli boksi. Nayo haioni mguu wako. Lazima iambiwe. Mwenye kuiambia ni sensa hii, iliyofungwa ubavuni mwa throtoli, yaani ule mlango wa hewa wenye kibati kinachofunguka unapokanyaga.

Ndani yake mna nini? Ukipata kufungua redio ya zamani umekwisha kukiona kitu hicho: ni ndugu wa kile kitufe cha kuongeza na kupunguza sauti. Mna njia nyembamba ya kaboni, na ulimi mdogo wa chuma unaoteleza juu yake. Kompyuta hupeleka volti 5; ulimi unapoteleza, volti zinazorudi hupanda au kushuka. Mguu ukiwa juu, hurudi kama nusu volti au zaidi kidogo. Ukikanyaga mpaka chini, hurudi 4 na kitu. Sasa kumbuka redio ile ya babu ilivyokwaruza ulipogusa kitufe cha sauti, ikanyamaza, kisha ikapiga kelele ghafula. Ni ugonjwa ule ule. Njia ya kaboni imelika.

Nayo hulika zaidi pale ulimi unapokaa sana, yaani karibu na mwanzo, kwa sababu dereva wa abiria mguu wake haushuki mpaka chini ila mara chache. Kwa hiyo sensa yaweza kuwa nzima ukikanyaga sana, na mbovu katika mwendo wa kila siku. Ulimi ukifika penye kidonda, kompyuta yadhani umeachia mafuta, yapunguza petroli. Mara ulimi wavuka kidonda, petroli yarudi. Wewe uliye kwenye usukani waona gari limeshtuka, nawe wasingizia gia.

Tena si jambo la kuchekewa. Injini ikizima katikati ya kulipita lori, usukani wenye msaada unakuwa mzito na breki zinapoteza msaada wake baada ya kukanyagwa mara mbili tatu. Lile daraja la Kigongo–Busisi lililofunguliwa Juni 2025 lina urefu wa kilometa 3 hivi juu ya maji. Sijui nani angependa kuzimikiwa pale katikati, nyuma yake mabasi yakipiga honi.

Lakini usikimbilie dukani kwa kusoma hayo. Yako maradhi mengine yanayofanana na haya: throtoli yenye masizi, mpira wa hewa uliopasuka, plagi zilizochoka, pampu ya petroli iliyolegea. Anza na macho. Fungua boneti, tazama soketi ya sensa, ichomoe. Je, kuna maji? Kuna kutu ya kijani? Panya hawakutafuna waya? Katika vibanda vyetu vya kuoshea magari, vijana hupiga maji ya nguvu mpaka ndani ya injini, na kesho yake gari lagoma. (Wengine hupeleka magari mpaka ziwani kabisa, ingawa Sheria ya Mazingira ya mwaka 2004 yakataza shughuli za kuharibu mazingira ndani ya meta 60 kutoka ukingoni. Mafuta yale hunywewa na sato, na sato tunamla sisi.) Soketi ikiwa na unyevu, ikaushe, irudishe, ujaribu tena. Huenda safari yako ikaishia hapo bila gharama.

Ikiwa taa ya injini inawaka katika dashibodi, gari lenyewe laweza kusema. Katika Toyota nyingi za miaka ya 1990 kuna kiboksi kidogo chini ya boneti, na ndani ya mfuniko wake majina ya matundu yameandikwa. Swichi ikiwa imezimwa, unganisha kwa kipande cha waya tundu la TE1 na la E1, usikosee, kisha fungua swichi bila kuwasha injini. Taa itakonyeza. Ikikonyeza mara nne, ikapumzika kidogo, ikakonyeza mara moja, hiyo ni 41: habari ya throtoli haisomeki. Magari ya baadaye hutumia mashine ya kuchomeka chini ya dashibodi, nayo huandika P0120 mpaka P0123. P0122 maana yake volti ziko chini mno, P0123 ziko juu mno. Hapa ndipo mafundi wengi wanapokosea, nami nasema hivi bila kumwonea mtu: wakiona namba hiyo hununua sensa. Namba haikusema sensa imekufa. Imesema habari zinazofika si nzuri. Mjumbe akichelewa, huenda ni mgonjwa, tena huenda njia imekatika.

Ndiyo sababu twahitaji mita ya umeme. Iko ya bei ndogo, hata wenye kutengeneza redio wanayo, na jirani hukuazima. Ukipata ile ya mshale, ya kizamani, ni bora zaidi kwa kazi hii kuliko ya tarakimu, maana mshale huonyesha mruko wa ghafula ambao tarakimu huupita bila kuuona.

Tulifanya hivi kwa ile Carina. Breki ya mkono juu, gia katika P, watoto mbali. Swichi tukaifungua, injini hatukuiwasha. Mita tukaiweka kwenye volti za betri, waya mweusi kwenye hasi ya betri. Soketi tuliiacha imechomekwa, tukaingiza pini nyembamba kwa nyuma yake kando ya kila waya. Usitoboe ngozi ya waya, maana maji yataingia hapo na baada ya miezi utakuja kunilaumu. Waya wa kwanza ulitoa volti 5 kamili. Vizuri: kompyuta inapeleka. Kama hizo 5 zingekosekana, tungetafuta waya uliokatika au kitu kingine kilichozila, na sensa mpya isingesaidia hata kidogo. Waya wa hasi ukaonyesha karibu sifuri. Vizuri pia. Hasi ikiwa mbovu, volti zinazorudi hupanda ovyo, na sensa nzima huhukumiwa bure.

Ukabaki waya wa habari. Mwenye gari akaketi, akakanyaga pedeli polepole kama mtu anayempitia mlinzi aliyelala. Mshale ulianza kwenye 0.6, ukapanda taratibu, 0.9, 1.1, na ghafula ukaanguka mpaka chini! Kisha ukaruka juu na kuendelea kupanda vizuri mpaka 4 na kitu. Tukarudia mara tano. Kila mara ulianguka mahali pale pale. Nikagonga sensa kidogo kwa mpini wa bisibisi, mshale ukatetemeka. Nikatikisa waya, mshale ukatulia. Basi waya hauna kosa. Mwenye gari aliona mwenyewe kwa macho yake, wala sikuwa na haja ya kumshawishi. Akauliza tu, "Na giaboksi je?" Nikamwambia giaboksi haikuitwa katika kesi hii.

Wakati mwingine gari likiwa baridi hutaona kitu. Liendeshe mpaka injini ipate moto, upime tena upesi. Joto huficha na hufichua.

Kesho yake tukaenda mjini kutafuta spea. Mpya ya kampuni ni ghali, basi tukachukua ya mtumba yenye namba ile ile iliyoandikwa mgongoni. Lakini tulikwenda na mita. Pima ukiwa dukani, kabla fedha haijatoka mfukoni: weka mita kwenye omu, shika mguu wa habari na mguu wa hasi, zungusha polepole kwa kidole. Omu zipande bila kukatika. Ya kwanza aliyotupa muuzaji ilikuwa mbovu kuliko yetu! Ya tatu ndiyo tuliyoichukua. Muuzaji hakufurahi, lakini hakukataa.

Kufunga si kazi kubwa, ni skrubu mbili. Tatizo ni kwamba katika magari mengi ya namna hii matundu ya skrubu ni marefu, ili sensa iweze kuzungushwa kidogo. Usizikaze kwanza. Izungushe mpaka volti za mguu kuwa juu zirudi pale kitabu cha gari kinapotaka, kisha kaza. Sensa nyingine zina waya wa nne, ambao kazi yake ni kuiambia kompyuta kwamba mguu umeondoka kabisa. Ukifunga sensa upande, habari hiyo haifiki, na sailensa itapanda au injini itazima ukisimama. Ile skrubu ndogo inayozuia kibati cha throtoli usiiguse kabisa. Wengi huigeuza wakidhani wanarekebisha sailensa, nao huharibu hesabu yote.

Mwisho, ondoa hasi ya betri kwa dakika chache ili kompyuta isahau kosa la zamani, uirudishe.

Wenye magari ya karibuni yasiyo na waya wa mafuta nawaomba wasifuate kila neno la hapo juu. Kwenu pedeli ina sensa zake, throtoli ina mota yake, na sensa zake ni mbili zinazochungana. Zikipingana mashine huandika P2135. Nyingi hazina ulimi wala kaboni, kwa hiyo kupima omu hakufai. Mara nyingi hazinunuliwi peke yake, bali pamoja na throtoli nzima, na ndiyo maana kusafisha throtoli na kukagua soketi kwanza kwafaa mara mia. Wala usitie kidole kwenye kibati swichi ikiwa imefunguliwa. Mota ile haina huruma.

Ukiwa na kile kifaa kidogo kinachosomwa kwa simu, tazama asilimia za throtoli. Usishtuke mguu ukiwa juu usipoona 0, wala ukikanyaga mpaka chini usipoona 100. Katika magari mengi ndivyo ilivyo. Kinachotakiwa ni kupanda bila kuruka.

Ile Carina tuliijaribu jioni ile, Kisesa mpaka Magu na kurudi, mwendo wa 60 kwa makusudi. Haikushtuka. Igoma ilisimama robo saa ikinguruma. Ng'ombe wa pili bado yuko zizini. Fedha za yule wa kwanza, baada ya kununua sensa, zimenunua matairi mawili ya mbele, ambayo kwa kweli yalikuwa yamekwisha kabisa.