Simba Ana Jina Letu, Mwandishi Wake Si Wetu

Mwishoni mwa mwaka 1960 na katika mwaka 1961, wakazi wa Momella, chini ya Mlima Meru, walishuhudia magari ya wageni yakikimbiza vifaru na twiga huku kamera zikiwafuata nyuma. Kampuni ya Marekani ilikuwa ikitengeneza filamu iliyotoka mwaka 1962 kwa jina la Hatari!, nyota wake akiwa John Wayne. Jina la filamu lilikuwa la Kiswahili. Mlima, wanyama na vumbi vilikuwa vya Tanganyika. Aliyeandika mswada wake alikuwa Leigh Brackett, mwanamke wa California. Tangu siku hizo uliwekwa utaratibu ambao hatujauvunja: sisi tunatoa maneno na mandhari, wengine wanatoa mwandishi.

Nimeyakumbuka hayo kwa sababu ya filamu za katuni. Ingia jioni katika nyumba yoyote ya Ngarenaro, Tengeru au Usa River yenye televisheni, nawe utamkuta mtoto wa miaka sita anayemjua Simba, Rafiki na Pumbaa kuliko anavyomjua babu yake mzaa mama. Watu hao ni wa filamu ya The Lion King, iliyotoka mwaka 1994 na kuingiza zaidi ya dola milioni 700 ulimwenguni. Ilipotengenezwa upya mwaka 2019 iliingiza zaidi ya dola bilioni 1.6. Mama yake Simba anaitwa Sarabi, neno letu la kale lenye maana ya mazigazi. Nguruwe anaitwa kwa kitenzi chetu cha kupumbaa. Fisi amepewa jina la Shenzi, neno ambalo wakoloni walilipenda mno walipomtaja Mwafrika, na sasa watoto wetu wanalicheka bila kujua lilikotoka. Wachoraji walikuja kutazama nchi ya nyika katika hifadhi ya Hell's Gate nchini Kenya. Baadaye filamu hiyo ilitiwa sauti za Kizulu, jambo ambalo tunawapongeza ndugu zetu wa Kusini. Ila Kiswahili, kilichowabatiza wanyama wenyewe, kiliachwa mlangoni.

Walioandika mswada wake ni watatu: Irene Mecchi, Jonathan Roberts na Linda Woolverton. Sina ugomvi nao. Walifanya kazi yao, tena waliifanya vizuri. Ninalotaka tujiulize ni hii kazi yenyewe ni kazi gani, na mtu huifikia kwa njia ipi.

Mtazame Linda Woolverton. Alisomea tamthilia ya watoto hadi shahada ya uzamili. Kisha akaunda kikundi chake cha michezo ya kuigiza, akawa anaandika, anaongoza na kuigiza yeye mwenyewe, akizunguka California katika makanisa, shule na madukani. Baadaye akaandika riwaya za vijana, na miswada ya katuni fupi za televisheni za kila wiki, zile ambazo hakuna anayelikumbuka jina la mwandishi wake. Alipotaka kuingia Disney, wakala wake alimwambia hajawa tayari. Basi akachukua nakala ya riwaya yake, akaipeleka mwenyewe hadi ofisi za kampuni hiyo, akamwachia karani wa mapokezi, akisema huenda kukawa na mtu atakayetaka kuisoma. Ikasomwa. Mwaka 1991 ikatoka Beauty and the Beast, naye akawa mwanamke wa kwanza kuandika filamu ndefu ya katuni ya kampuni hiyo.

Hata hapo kazi haikuwa lelemama. Katika katuni mwandishi hakabidhi mswada akaenda zake nyumbani. Kila tukio huchorwa kwanza katika picha ndogondogo zinazobandikwa ukutani, na wachoraji wana haki ya kulibadili. Woolverton aliandika tukio ambamo binti Belle anachomeka pini katika ramani ya nchi anazotaka kuziona. Picha ziliporudi, Belle alikuwa jikoni akipamba keki. Mwandishi akagoma, akasema binti huyu hajui hata kuoka keki. Wakaafikiana kwamba ashike kitabu. Wako watakaosema hilo ni jambo dogo. Mimi nasema mamilioni ya wasichana wamemwona binti huyo akiwa na kitabu mkononi badala ya mwiko, na hilo lilitokana na mfanyakazi mmoja aliyekataa. Hiyo ndiyo nguvu ya mwandishi, na ndiyo maana haifai kuachiwa wengine milele.

Wala tusidhani kwamba huko Marekani ni peponi. Waandishi wa katuni ndefu za studio kubwa kwa kawaida wamo katika chama kimoja na wachoraji, si katika chama cha waandishi wa filamu, na mikataba yao haiwapi mkononi ule mgawo ambao wenzao huupata kila filamu inapooneshwa tena. Mtu anaweza kuandika kitu kilichoingiza mamilioni, akabaki na ujira wake wa mwanzo.

Kwa Mwafrika mambo yamekuwa mabaya zaidi. Ndani ya The Lion King umo wimbo wa simba aliyelala. Wimbo huo ulizaliwa kutokana na Mbube, alioutunga Solomon Linda wa Afrika Kusini na kuurekodi mwaka 1939. Haki zake aliziuza kwa shilingi 10. Alifariki mwaka 1962 akiwa fukara, na ilikuwa mwaka 2006 tu ambapo binti zake walifikia mapatano ya kulipwa, baada ya kwenda mahakamani.

Tugeuke sasa tujitazame wenyewe. Haitakuwa haki kusema hakuna kilichofanyika. Tangu mwaka 2014 vijana wa Ubongo, jijini Dar es Salaam, wanatengeneza katuni za Kiswahili za kufundisha hesabu na sayansi, na katuni yao ya Akili, binti wa miaka minne anayeishi chini ya Kilimanjaro, inapendwa na watoto wa nchi nyingi. Ni ushahidi kwamba kazi hii yawezekana hapa nyumbani. Lakini upo na ushahidi mwingine. Mtindo wa uchoraji wa marehemu Edward Saidi Tingatinga, mzaliwa wa Tunduru, ulizaa katuni za Tinga Tinga Tales zilizoanza kuoneshwa Uingereza mwaka 2010. Zilichorwa Nairobi, chini ya kampuni ya Kiingereza. Mtindo ulikuwa wa kwetu, na jina lake pia. Meza ya mwandishi ilikuwa kwingine.

Baadhi ya wenzangu, watu ninaowaheshimu, husema katuni ni anasa, tumalize kwanza maji na zahanati. Hoja hiyo ingekuwa na uzito kama televisheni zetu zingezimwa mpaka visima vyote vichimbwe. Hazizimwi. Zinaonesha katuni za wengine asubuhi na jioni.

Wengine husema hatuna hadithi za kutosha. Kwa mtu anayeishi Arusha kauli hiyo ni ya kushangaza. Mwaka 1951 serikali ya kikoloni iliwahamisha Wameru kwa nguvu kutoka Ngarenanyuki ili ardhi yao wapewe walowezi wa Kizungu. Nyumba zilichomwa moto. Watu walitakiwa waende Kingori. Wananchi wakachangishana fedha, wakamtuma Kirilo Japhet, ambaye mwaka 1952 alisimama mbele ya Umoja wa Mataifa mjini New York, akisaidiwa na mwanasheria Earle Seaton wa Bermuda. Hiyo ilikuwa miaka mitatu kabla ya Mwalimu Nyerere kufika huko. Sasa mfikirie mtoto wa Ngarenanyuki, mwenye ndama wake mmoja, asubuhi ya siku ile. Mfikirie akimwona mtu wa kijijini akipanda ndege, chombo ambacho yeye hajakiona ila angani. Wakubwa watalia na wadogo watauliza maswali njia nzima wakirudi nyumbani. Hakuna haja ya kubuni simba anayesema.

Kinachokosekana ni mtu anayelipwa aketi mwaka mzima akiandike kisa hicho, akirudie mara kumi, agombane na wachoraji. Vijana wa kufanya hivyo wapo. Chuo cha Sanaa Bagamoyo kimekuwapo tangu mwaka 1981, na Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kinafundisha sanaa za maonesho. Wakitoka huko huandika matangazo ya sabuni, kwa sababu sabuni inalipa. Tunayo pia Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, ambayo inagusa hata sanaa za jadi; lakini sheria haimsaidii mwandishi anayepatana kwa mdomo, akalipwa mara moja na jina lake lisiandikwe. Mkataba wa maandishi, jina mwanzoni mwa filamu, na mrabaha kila inapouzwa: haya ni madai ya kawaida ya mfanyakazi yeyote. Na soko lipo mlangoni petu. Makao makuu ya Jumuiya ya Afrika Mashariki yako hapahapa Arusha, na nchi wanachama sasa ni nane, nyingi kati yake zikiwa na watoto wanaosikia Kiswahili.

Kila mwaka bajeti ya wizara inayosimamia utamaduni na sanaa husomwa Bungeni. Ningependa wabunge wa Arusha Mjini na wa Arumeru zote mbili waulize swali moja wakati huo: katika fedha za Shirika la Utangazaji Tanzania, ni kiasi gani kitatumika kununua katuni za nje, na ni kiasi gani kitamlipa Mtanzania aandike moja. Majibu yachapishwe magazetini, tuyasome.