Sake ya miungu na pombe ya babu

Jamani wa nyumbani, mmeniuliza kama kweli Wajapani huwapa miungu yao pombe. Kweli kabisa. Ni sake, pombe ya mchele. Ikishatolewa sadaka huitwa omiki. Ibada ikiisha, waumini hunywa kidogo kwenye kibakuli bapa, ndiyo kushiriki chakula na miungu. (Yale mapipa yaliyopangwa pale Meiji Jingu, Tokyo, ni matupu, msijipe matumaini!)

Kinachonikera ni wenzetu wanaokuja kutembea huku. Wanapiga picha, wanasifu "utamaduni". Lakini babu kule kijijini akimwaga pombe ya mtama kaburini kwa tambiko, hao hao wanamwita mshenzi. Hivi mchele una heshima gani ambayo mtama hauna?