Nani Aliyekata?

Muhula uliopita niliandika insha ya kurasa kumi na mbili kuhusu Werckmeister Harmonies. Jina la Béla Tarr nililitaja mara thelathini na moja, nimehesabu. Jina la Ágnes Hranitzky sikulitaja hata mara moja. Nikapata alama nzuri, na hakuna aliyeniuliza kitu.

Hilo ndilo linaloniudhi. Hranitzky alihariri filamu za Tarr tangu mwanzoni mwa miaka ya 1980 hadi The Turin Horse ya mwaka 2011. Sátántangó (1994), filamu ya zaidi ya saa saba, ni yeye aliyeihariri. Na kuanzia Werckmeister Harmonies ya mwaka 2000, anatajwa pia kuwa mwongozaji mwenza. Si siri, imeandikwa kwenye filamu yenyewe. Tumeamua tu kutoisoma.

Utetezi wetu naujua, maana nimeutumia. Wa kwanza: filamu hizi karibu hazina mikato, sasa mhariri atafanya nini? Haya, tupige hesabu. Werckmeister ina shoti 39 katika dakika 145 hivi. Filamu ya kawaida ina mikato mamia kwa mamia. Mmoja ukikosewa, unaofuata unauficha. Hapa mkato unakuja kila baada ya dakika tatu na ushei, na hauna pa kujificha. Shoti ya kwanza, ile ya walevi wanaopangwa baani wawe jua, dunia na mwezi, inakwenda karibu dakika kumi. Shoti kama hiyo ikiharibika haiokolewi kwenye meza ya uhariri. Mwendo wake lazima uamuliwe kabla kamera haijazimwa. Kwa hiyo uhariri unakuwa sehemu ya uongozaji, na cheo cha mwongozaji mwenza si zawadi ya heshima bali ni jina sahihi la kazi.

Wa pili: alikuwa mwenzake wa maisha. Ajabu ni kwamba uhusiano huohuo haumpunguzii Tarr chochote. Mmoja anabaki msanii, mwingine anageuka kuwa msaidizi wa nyumbani.

Wa tatu ndio mtamu zaidi: uhariri mzuri hauonekani, kama chumvi iliyokolea vizuri kwenye mchuzi. Sawa, mkato usionekane. Lakini nani alisema na aliyekata asionekane? Tumechukua sifa ya kazi tukaifanya adhabu ya mtu.

Sidai Tarr anyang'anywe kitu. Nadai sisi tunaojiita wasomi wa filamu tuandike kile ambacho filamu zenyewe zimekwisha kutuambia. Insha yangu nimeifungua tena. Nilidhani kuongeza jina moja kungetosha. Kumbe kurasa nne nzima zimesimama juu ya sentensi moja, kwamba "Tarr anakataa kukata". Itabidi niziandike upya.